Rova Si Landrova: Yanayosemwa Gereji Kuhusu Magari ya Mwezini na Mirihi

Gereji tunayopelekea magari ya watalii hapa Arusha ina benchi la mbao chini ya mjakaranda. Madereva tukisubiri bushi zibadilishwe au springi iongezwe jani, mada zote za dunia humalizwa pale. Wiki iliyopita dogo mmoja anayejifunza kazi alileta picha kwenye simu: gari la magurudumu sita, limesimama peke yake kwenye vumbi jekundu la sayari ya Mirihi, kama limejipiga selfi. Mzee, fundi mkuu, alifuta mikono kwa tambara, akaitazama sana, akairudisha. "Sasa huyu aliyepiga picha, yeye alirudi na nini?"

Tukacheka, halafu kila mtu akawa mtaalamu. Haya ndiyo yaliyosemwa siku hiyo. Mengi nimeyasikia kwingine pia, na moja nililisambaza mwenyewe, kwa hiyo sina wa kumcheka.

"Picha ni ya jangwani, lazima kuna mtu nyuma ya kamera"

Nyuma ya kamera kuna mkono wa gari lenyewe, wenye urefu wa kama mita mbili, na kamera iko kwenye ncha yake. Mkono unajizungusha, unapiga picha kadhaa wa kadhaa vipande vipande, kisha vipande hivyo vinashonwa pamoja huku duniani. Mkono unakatwa pembeni mwa kila kipande, ndiyo maana huuoni. Dogo alilielewa hilo kabla yetu wote.

"Ni Landrova iliyoboreshwa"

Hapa lawama ni ya jina. Mji huu umejaa Landrova kuukuu, na ukisema "rova" mtu anasikia harufu ya dizeli. Kwa Kiingereza neno hilo ni mzururaji tu, na undugu unaishia hapo. Rova ya Mirihi haina gia boksi ya kubadilisha gia, haina difu ya kugawia magurudumu nguvu, haina springi za majani wala shokapu. Kila gurudumu lina mota yake. Badala ya springi kuna mikono ya chuma iliyoungana kwa vifundo, hivyo gurudumu moja likipanda jiwe, mengine matano yanabaki yamekanyaga chini. Tairi za mpira usitafute: usiku kule baridi hufika nyuzi 80 chini ya sifuri, hata zaidi.

Magurudumu ya Curiosity, rova ya Wamarekani iliyotua Mirihi Agosti 2012, ni ya alumini. Kipenyo chake ni sentimita 50, na ngozi yake, katikati ya meno, ina unene wa robo tatu ya milimita. Ni nyembamba kuliko sarafu ya shilingi mia.

"Robo tatu ya milimita? Na gari lina kilo ngapi?" Mzee aliacha spana.

Lina kilo 899 hapa kwetu. Kule mvuto ni kama asilimia 38 ya huu tulionao, kwa hiyo magurudumu yote sita kwa pamoja yanahisi kama kilo 340 hivi. Na bado yalitoboka. Mwaka 2013 picha zilianza kuonyesha matundu, kazi ya mawe makali yaliyojichimbia ardhini yasiyosogea yakikanyagwa. Spea hakuna, wala fundi wa kumtuma. Waendeshaji wake huku duniani wakafanya kile ambacho dereva yeyote wa njia mbaya angefanya: wakabadili njia, wakatafuta ardhi laini, na mwaka 2017 wakatuma programu mpya inayorekebisha mwendo wa kila gurudumu kulingana na jiwe linalolipanda. Zaidi ya miaka kumi tangu kutua, gari lilikuwa bado linatembea na magurudumu yale yale.

"Gurudumu likifa, safari imekwisha"

Hili nilikuwa nalingojea, maana kisa cha Spirit, rova nyingine ya Mirihi, nakipenda kuliko vyote. Ilitua Januari 2004 ikiwa imepangiwa kazi ya siku 90. Mwezi Machi 2006 mota ya gurudumu la mbele la kulia ikafa. Gurudumu halizunguki, limekaza. Waendeshaji wakageuza gari, wakaanza kutembea kinyumenyume, wanaliburuta lile bovu kama mtu anayevuta jembe. Likawa linachimba mtaro popote linapopita. Mwaka 2007 mtaro huo ukafunua udongo mweupe chini ya vumbi jekundu. Ulipopimwa ukakutwa ni silika, madini yanayotengenezewa kioo, kama asilimia 90, na silika nyingi kiasi hicho hutokana na chemchemi za maji moto au mvuke wa volkano. Yaani ushahidi wa maji na joto pamoja, na gurudumu zima lingeupita juu juu bila kuugusa.

Kilichoimaliza Spirit ni kukwama. Mwaka 2009 ilipita kwenye ardhi yenye ganda gumu juu na mchanga laini chini. Ganda likapasuka, magurudumu yakazama.

Ganda hilo nalijua. Kuna mwaka nilinasa upande wa Engaruka, kiangazi, kwenye njia iliyoonekana imekauka vizuri kabisa. Juu palikuwa pagumu kama chapati iliyolala, chini vumbi la unga, na nilivyozidi kukanyaga mafuta ndivyo gari lilivyozidi kukaa kitako. Wageni wakashuka na chupa zao za maji. Walitokea vijana wa Kimaasai, tukapiga jeki, tukapanga mawe na matawi chini ya tairi, tukatoka baada ya saa mbili. Spirit haikuwa na wa kuisukuma. Wahandisi wa Pasadena, California, walitengeneza sanduku la mchanga, wakaweka rova ya majaribio ndani yake, na kwa miezi kadhaa wakajaribu namna za kuitoa kabla ya kuthubutu kutuma amri yoyote. Wakati wa kuitoa, gurudumu la pili likafa. Januari 2010 wakakubali kwamba haitatoka, na mawasiliano ya mwisho yalikuwa Machi mwaka huo: paneli za sola zilishindwa kulielekea jua la kipindi cha baridi, kwa sababu gari lenyewe halikuweza kujiinamisha.

Mzee hakusema kitu, alirudi tu kwenye bushi zake.

"Kuna mtu ameshika rimoti"

Kwa Mwezini, hili lina ukweli. Lunokhod 1 ya Warusi, iliyotua Novemba 1970, iliendeshwa kweli na timu ya watu watano waliokaa Crimea, wakitazama picha mnato kwenye skrini. Mawimbi ya redio yanafika Mwezini kwa sekunde moja na kitu, yanarudi kwa muda huo huo. Inawezekana, ukiwa na subira.

Kwa Mirihi haiwezekani. Amri inachukua dakika kati ya 3 na 22 kufika, kutegemea sayari hizi mbili ziko wapi kwenye mizunguko yao. Ukiona korongo mbele kwenye skrini, gari limeshalitumbukia zamani. Kwa hiyo hupangiwa kazi ya siku nzima: nenda hapa, piga picha ile, toboa jiwe hili. Rova yenyewe inatazama mawe kwa kamera zake na kuchagua pa kukanyaga. Jioni yake inatuma majibu kupitia satelaiti zinazoizunguka sayari. Siku ya Mirihi ni ndefu kuliko yetu kwa kama dakika 40, kwa hiyo mwanzoni mwa safari watu wa zamu huingia kazini wakichelewa dakika 40 kila siku, mpaka usiku unakuwa mchana. Madereva wa safari za usiku tutawaelewa.

"Inakimbia kama gari la mashindano"

Perseverance, iliyotua Februari 2021, mwendo wake wa juu kabisa kwenye ardhi tambarare ni kama mita 152 kwa saa. Si kilomita. Kutoka Arusha mpaka Moshi ni kama kilomita 80, na bila kusimama hata mara moja ingetumia siku 22. Bodaboda wa Usa River wangeifia kwa kicheko. Opportunity, pacha wa Spirit, ilitembea kilomita 45 kwa miaka zaidi ya 14, yaani tangu Arusha ingekuwa imefika mitaa ya njia panda ya uwanja wa ndege wa KIA. Haikuwa imepelekwa kukimbia. Kila jiwe lilikuwa kituo.

"Maneno yake ya mwisho yalikuwa: betri yangu inaisha na giza linaingia"

Hili ndilo langu. Mwaka 2019 niliweka maneno haya kwenye stetasi ya WhatsApp, na alama ya moyo uliovunjika. Dada yangu wa Moshi alinipigia kuuliza nani amekufa.

Opportunity haikusema hivyo. Haikuwa na namna ya kusema chochote. Tarehe 10 Juni 2018, dhoruba kubwa ya vumbi ikiwa inaifunika sayari, ilituma namba: umeme uliobaki, na kiasi cha vumbi hewani. Mwandishi wa habari mmoja wa Marekani ndiye aliyezigeuza namba hizo kuwa sentensi, dunia ikaidaka. Wahandisi walituma amri zaidi ya elfu moja kuiamsha, na tarehe 13 Februari 2019 wakafunga kazi.

Watu pia hudhani dhoruba iliipindua. Presha ya hewa ya Mirihi haifiki hata asilimia moja ya presha ya hewa yetu, kwa hiyo upepo wake mkali ungeusikia kama mtu anayekupepea. Kinachoua ni kiza. Na upepo huo huo ukiwa mdogo ni rafiki: mwaka 2005 chamchela zilifagia paneli za Spirit na umeme ukapanda. Chamchela za kwetu hazijawahi kunisafishia hata kioo.

Curiosity na Perseverance hazitegemei jua. Zina plutoniamu, na hapo benchi zima liliogopa bomu. Si bomu, wala si mtambo kama wa kuzalisha umeme wa mji. Madini hayo yana joto lenyewe, na joto hilo hugeuzwa kuwa umeme wa kama wati 110. Pasi ya nyumbani hula wati elfu moja na zaidi.

"Upande wa pili wa Mwezi ni giza siku zote"

Unapata jua kama huu tunaouona, ila umegeukia kwingine. Wachina walituma rova ya Yutu-2 huko Januari 2019, na iliwabidi waweke satelaiti ya kupokezana mawimbi kwanza. Na anayesema hizi ni kazi za Wamarekani na Warusi tu ajue kwamba India nayo ilitua karibu na ncha ya kusini ya Mwezi tarehe 23 Agosti 2023, na rova ya kilo 26.

"Wameshakuta viumbe, wanatuficha"

Mwaka 2024 Perseverance ilikuta jiwe lenye madoa ambayo wanasayansi wenyewe waliyaita madoa ya chui. Madoa ya aina hiyo yanaweza kuachwa na vijidudu, na yanaweza pia kutokea kwa kemia isiyo na uhai. Mimi nimewaonyesha wageni "chui" wengi juu ya miti waliokuja kuwa vigogo. Sampuli imechukuliwa, imefungwa kwenye kichupa, na bado iko kule kule. Mawe ya Mwezi yameletwa mara nyingi, ila hakuna chombo kilichowahi kurudi na mawe ya Mirihi.

"Zikifa ni chuma chakavu"

Lunokhod 1 ilizimika mwaka 1971, na kwa karibu miaka 40 hakuna aliyejua kwa uhakika ilipo. Ilikuwa imebeba kioo cha kurudisha mwanga, kilichotengenezwa Ufaransa. Mwaka 2010 chombo kinachouzunguka Mwezi kiliiona kwenye picha, na wanasayansi wa Marekani wakaimulika kwa leza. Mwanga ukarudi, mkali kuliko walivyotegemea, na tangu hapo wanaitumia kupimia umbali wa Mwezi.

Mzee alikuwa ameshamaliza bushi, anaosha mikono kwa petroli. Alitaka kujua kitu kimoja tu: waliiacha kwenye gia, au kwenye handibreki?