Kinanda cha mabomba: yale tunayoambiwa na jinsi kilivyo kweli

Nasikia sana watu wakisema kinanda cha mabomba, ile ogani kubwa ya makanisa ya Ulaya, kimezaliwa kanisani. Si kweli kabisa. Cha kwanza kinachojulikana kilitengenezwa Alexandria, Misri, karne ya 3 kabla ya Kristo, na fundi Mgiriki aitwaye Ktesibios, kwa hiyo kama ni kuzaliwa basi kimezaliwa Afrika hii hii. Warumi wakakichukua wakakipeleka kwenye viwanja vya mapigano, na Zliten kule Libya imepatikana sakafu ya mozaiki inayoonyesha mpiga kinanda kakaa na wapiga tarumbeta huku wapiganaji wanauana mbele yao. Mwaka 757 mfalme wa Bizanti (dola ya Warumi wa mashariki) Konstantino V akampelekea mfalme wa Wafranki, Pipino, kinanda kama zawadi ya ikulu kwa ikulu, na makanisa ya magharibi yakaja kukizoea polepole baada ya hapo. Makanisa mengi ya Kiorthodoksi mpaka leo yanaimba kwa sauti tupu.

Hicho cha Ktesibios kiliitwa kinanda cha maji, ndo maana wapo wanaoamini maji yalikuwa yanalia ndani ya mabomba. Hapana, kinacholia ni upepo tu. Maji yalikuwa yanakandamiza ile hewa iliyopampiwa ili presha isipande na kushuka, maana upepo ukiyumba na sauti inayumba. Baadaye wakaja na mivukuto ya mbao na ngozi iliyowekewa uzito juu, kazi ni ile ile.

Na umeme? Watu wanadhani bila umeme hakuna ogani, lakini mota za kupuliza upepo zimeenea karne ya 20 tu, kabla ya hapo kulikuwa na watu nyuma ya kinanda wanakanyaga mivukuto ibada nzima na hakuna anayewaona. Bach, yule mtunzi na mpiga ogani wa Kijerumani, akiitwa kukagua kinanda kipya, mwanae Carl Philipp Emanuel ameeleza kwamba kitu cha kwanza alikuwa anafungulia stopu zote (vishikio vya kufungulia safu za mabomba) na kupiga sauti nene kadiri iwezekanavyo, anasema lazima ajue kama kina mapafu mazuri. Yaani alianza na upepo, mambo mengine baadaye.

Dhana nyingine ni kwamba ogani ni piano kubwa, ukigonga kwa nguvu inalia kwa nguvu. Piano ina nyuzi zinazogongwa na nyundo, hapa ukibonyeza kitufe unafungua kilango kidogo upepo uingie kwenye bomba, basi, ugonge polepole ugonge kwa hasira bomba linapata upepo ule ule. Nguvu inatoka kwenye stopu unazofungulia. Na wala sio kitufe kimoja bomba moja! Kila stopu ni safu nzima ya mabomba yenye sauti yake, ukifungulia stopu kumi kitufe kimoja kinaliza mabomba kumi au zaidi, kwa sababu kuna stopu za mchanganyiko ambazo zenyewe tu zina mabomba kadhaa kwa kila noti.

Hapo ndo unaelewa kwa nini yale mabomba yanayong'aa mbele ni sehemu ndogo sana. Mengine hata hayalii, yamewekwa kwa urembo. Kazi kubwa iko nyuma, maelfu ya mabomba, kuanzia marefu ya karibu mita 10 ambayo unasikia mtetemo zaidi kuliko sauti, mpaka yale ambayo sehemu inayolia ni ndogo kuliko kidole.

Sasa hili la watu kudhani mabomba yanatoka tu kiwandani kama ya maji ndo linaniuma zaidi, kwa sababu ufundi wenyewe ni mzuri mno. Bomba la madini kwa kawaida ni mchanganyiko wa stani (tin) na risasi. Stani inayeyuka kwa nyuzi 232 na risasi kwa 327, kwa hiyo sufuria ya moto inatosha. Fundi anamimina uji ule kwenye sanduku lililokaa juu ya meza ndefu, anasubiri upoe kidogo, halafu analivuta sanduku kwa mwendo mmoja bila kusita mpaka mwisho wa meza, nyuma yake linabaki shuka jembamba la madini. Akisita tu shuka linaharibika. Likishapoa linakatwa kwa kisu, linazungushwa kwenye gogo la duara, linaunganishwa kwa risasi, halafu linachongwa mdomo. Hapo bado halina sauti ya maana. Anakuja fundi wa sauti, anapanua tundu la chini kidogo, anainua au kushusha ulimi wa ndani, anapuliza, anasikiliza, anarudia, bomba moja moja, na kazi hiyo inamaliziwa ndani ya jengo lenyewe kwa sababu ukumbi ukibadilika sauti inabadilika.

Na sio lazima madini. Mbao zipo nyingi, na Las Piñas, Ufilipino, padri Diego Cera alijenga kinanda kati ya 1816 na 1824 chenye mabomba 1,031, na 902 kati ya hayo ni mianzi. Kilipelekwa Ujerumani kukarabatiwa mwaka 1973, kikarudi 1975, na kinapigwa.

Wapo pia wanaoapa kwamba kinanda cha Notre-Dame, Paris, kiliungua ule moto wa Aprili 2019. Hakikuungua. Kilijaa vumbi la risasi kutoka kwenye paa, ikabidi kifunguliwe, mabomba karibu 8,000 yasafishwe na kurudishwa, sauti ipangwe upya, na tarehe 7 Desemba 2024 kikalia tena mbele ya watu. Vita navyo vimeharibu vinanda: mwaka 1917 mabomba ya mbele ya kinanda cha fundi Arp Schnitger cha 1693, kanisa la St. Jacobi, Hamburg, yaling'olewa na kuyeyushwa kwa ajili ya jeshi.

Mwisho kuna wanaosema ufundi huu umekufa. Ujerumani peke yake ina vinanda kama 50,000 na karakana kama 400, UNESCO iliuingiza ufundi huo kwenye orodha ya urithi mwaka 2017, na kijana anayetaka kujifunza anaajiriwa kwenye karakana miaka mitatu na nusu huku anasoma darasani kwenye chuo cha Ludwigsburg: mbao, madini, ngozi, na masikio.