Agnès Varda: miaka zaidi ya 60 kazini, kamera ikizidi kuwa ndogo

Kazi yangu ni kupiga picha za filamu, na anayeniuliza aanze kumsoma mwongozaji gani huwa namtajia Agnès Varda. Si kwamba filamu zake zote ni nzuri, zipo zinazonichosha. Namtaja kwa sababu alikuwa akiipima kazi kwa kimo cha maisha aliyokuwa nayo wakati huo, ndiyo maana hakukwama.

Alizaliwa Ubelgiji mwaka 1928. Riziki yake ya kwanza ilikuwa picha za mnato, akipigia kundi la maigizo la Jean Vilar huko Ufaransa. Filamu hakuzisomea, hata kuzitazama alikuwa ametazama chache. Mwaka 1954 alianzisha kampuni yake mwenyewe, akaenda Sète, mji wa bandari kusini mwa Ufaransa, kupiga filamu yake ya kwanza, La Pointe Courte, katika mtaa wa wavuvi. Waigizaji na mafundi walifanya kazi kwa ushirika, bila kulipwa papo hapo, na mwongozaji Alain Resnais akaihariri. Ilitoka mwaka 1955, miaka kadhaa kabla ya wanaume waliokuja kusifiwa kwa kuanzisha Wimbi Jipya la sinema ya Ufaransa, yaani vuguvugu la waongozaji vijana waliovunja kanuni za zamani. Cléo de 5 à 7 ya mwaka 1962 ndiyo iliyompa jina.

Kampuni ile, ambayo baadaye iliitwa Ciné-Tamaris, ndiyo ninayowasisitizia vijana kuliko mambo ya lenzi. Aliandika, akaongoza na kutayarisha kazi zake chini ya paa lake.

Katikati ya miaka ya 1970 alikuwa na mtoto mdogo wa kiume, hawezi kwenda mbali. Akachomeka waya wa umeme nyumbani kwake, mtaa wa Daguerre, Paris, akaamua kupiga picha pale tu waya utakapofika. Haukufika hata mita 100. Ndani ya mzunguko huo kulikuwa na muuza nyama, mwoka mikate, fundi saa, na mzee na mkewe waliouza manukato. Daguerréotypes ikazaliwa hapo. Tazama anavyomwacha yule mke asimame mlangoni kimya, kamera haimharakishi.

Msidhani alikuwa mtu wa vitu vidogo tu. Sans toit ni loi ya mwaka 1985, iliyoshinda Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Venice, ina upigaji wa reli uliopangwa kwa hesabu kali: kamera inakwenda kulia kuelekea kushoto, inampita msichana anayetangatanga, inatua kwenye kitu fulani, safari inayofuata inaanzia kwenye kitu kinachofanana nacho. Mtazamaji wa kawaida haoni mshono, ila anausikia mwilini. Mwaka 1995 alijaza nyota kibao kwenye filamu ya kuadhimisha miaka 100 ya sinema. Ilianguka sokoni, na kwangu mimi ndiyo iliyolegea kuliko zote.

Kisha akashika kamera ndogo ya dijitali. Katika Les glaneurs et la glaneuse ya mwaka 2000, kuhusu watu wanaookota masazo ya mavuno, mkono mmoja unashika kamera na mwingine unapigwa picha, mikunjo ya uzee na yote. Kuna mahali alisahau kuizima; kifuniko cha lenzi kinaning'inia na kucheza. Mhariri yeyote angekitupa kipande hicho, yeye akakiwekea muziki wa jazi.

Viazi vyenye umbo la moyo alivyovikuta vimetupwa shambani alivibeba nyumbani, na mwaka 2003 vikawa kazi ya sanaa katika Biennale ya Venice, maonyesho makubwa ya sanaa, naye akajitokeza amevaa vazi la kiazi. Ana miaka 75 wakati huo! Mwaka 2017 akapewa Oscar ya heshima, na mwaka huohuo ikatoka Visages villages, aliyoongoza pamoja na msanii JR. Alifariki Machi 2019 akiwa na miaka 90, wiki chache baada ya filamu yake ya mwisho kuonyeshwa katika tamasha la filamu la Berlin.

Kama hujawahi kumtazama, anza na Les glaneurs, kisha urudi kwenye Daguerréotypes. Ile ya mwaka 1995 unaweza kuiruka.