Je, wajua kwa nini msichana wa filamu ya Kitamil humwita mpenzi wake "mama"?

Mara ya kwanza kulisikia neno hilo nilikuwa kwenye kibanda cha video, enzi za mabenchi ya mbao na pazia zito mlangoni. Filamu ilikuwa ya Kitamil, lugha ya kusini mwa India, ila sisi zote tuliziita za Kihindi na mjadala ukaishia hapo. Msichana amesimama kwenye tuta la jaruba la mpunga, kijana yuko ng'ambo ya pili, na binti anapaza sauti: "Mamaa!" Kibanda kizima tukaangaza macho kumtafuta mama mtu. Hakuwepo. Aliyegeuka ni yule kijana, tena huku anachekelea.

Mzee mmoja wa benchi la mbele, aliyekariri maneno ya Kihindi kutoka kwenye nyimbo, akatufumbua: mama maana yake mjomba. Alisema kweli. Nami nikapiga hesabu yangu: binti anampenda mjomba wake, wazazi wanakataa aibu hiyo, ndiyo maana filamu nzima ni kilio. Kwa miaka mingi niliisimulia hivyo, kwa sauti ya masikitiko. Hesabu yangu ilikuwa mbovu kila mahali isipokuwa kwenye kilio.

Jibu fupi ni hili. Kwa Kitamil kaka wa mama huitwa maman, na ukimwita kwa sauti anakuwa mama. Neno hilohilo humbeba pia baba mkwe, humbeba mume wa shangazi, na kwenye kinywa cha msichana, wa kijijini hasa, humbeba mwanamume mwenye haki ya kumuoa au aliyekwisha kumuoa. Yule kijana wa ng'ambo hakuwa mjomba wa binti. Alikuwa mtoto wa shangazi yake. Na wazazi hawakukataa kwa sababu hao wawili ni ndugu. Walikataa kwa sababu familia zilikuwa zimegombania shamba. Undugu ndio uliokuwa hoja ya utetezi.

Niseme zaidi juu ya kosa hili, maana nimekutana nalo kwa watu wengi wenye akili zao timamu. Chanzo chake cha kwanza ni kwamba India tuliyoizoea kwenye skrini ni ya kaskazini, filamu za Mumbai kwa lugha ya Kihindi. Kwa Wahindu wa sehemu kubwa ya kaskazini, binamu ni kaka na dada tu, wa upande wowote. Siku ya Raksha Bandhan, sikukuu ya kaka na dada, msichana humfunga binamu yake uzi mkononi kama anavyomfunga kaka wa tumbo moja. Kuoana ndani ya ukoo mmoja ni mwiko, mahali pengi hata ndani ya kijiji kimoja, na bwana harusi hutafutwa mbali. Aliyelelewa na filamu hizo ataapa kwamba Wahindi hawaoi ndugu, na kwa eneo analolijua yuko sahihi.

Chanzo cha pili ni majirani zetu. Wahindi wa Dar es Salaam, Mombasa na Kampala wengi asili yao ni Gujarat, Kutch na Punjab. Watamil walipovuka bahari walielekea kwingine: Sri Lanka, Malaysia, Morisi, na Afrika Kusini, ambako meli ya kwanza ya vibarua kutoka Madras, jiji ambalo sasa ni Chennai, ilitia nanga Durban Novemba 1860. Kwa hiyo duka la mtaani halikuwa na mtu wa kumuuliza. Tena lugha zenyewe si ndugu. Kihindi kwa asili kiko karibu zaidi na Kiingereza kuliko na Kitamil, ambacho ni cha jamii ya Kidravidi pamoja na Kitelugu, Kikannada na Kimalayalam. Neno mama kwa maana ya mjomba limo pande zote mbili, na hapo ndipo mzee wa benchi la mbele aliponiponza: alinipa neno la kweli kutoka nyumba isiyo yake.

Kuna pia nusu-kosa la tatu, la wale wanaosema ni heshima tu, kama vijana wa mjini wanavyomwita kila mtu anko. Hilo lina ukweli kidogo, maana Watamil nao humwita mtu baki kaka, dada au mjomba bila kuulizana ukoo. Lakini msichana anapomwita mpenzi wake mama huku anazungusha ncha ya sari kidoleni, hiyo si heshima. Ni madai.

Ili kuyaelewa madai hayo, msomaji wa Kiswahili ana bahati kuliko Mzungu. Ndugu wa kiume wa baba, Mtamil humwita periyappa, yaani baba mkubwa, au chithappa, baba mdogo. Dada wa mama ni periyamma, mama mkubwa, au chithi, mama mdogo. Neno kwa neno kama sisi. Dada wa baba ana jina lake la pekee, athai, kama shangazi, na kaka wa mama ana lake, maman, kama mjomba. Watoto wa baba wadogo na mama wadogo ni kaka na dada, basi. Watoto wa shangazi na mjomba ni kitu kingine.

Kitu gani? Chukua mfano wa jezi. Fikiria mtaa wenye watu wa aina mbili tu, Simba wenye nyekundu na Yanga wenye kijani. Sheria ni mbili. Mtoto huvaa jezi ya baba yake. Na Simba haoi Simba, wala Yanga haoi Yanga. Ndoa sharti ivuke. Sasa jihesabie, uwe Simba. Baba yako Simba, kwa hiyo mama yako ni Yanga. Baba mdogo ni Simba kama baba, watoto wake ni Simba: jezi yako, ndugu zako. Mama mdogo ni Yanga kama mama yako, kwa hiyo ameolewa na Simba, na watoto wake wamevaa nyekundu: ndugu zako tena. Mjomba ni Yanga kama dada yake, watoto wake ni Yanga. Shangazi ni Simba, ameolewa na Yanga, watoto wake ni Yanga. Hakuna aliyepima damu popote, ila watoto wa mjomba na wa shangazi wametokea upande wa pili wa uwanja, upande unaooa kwao.

Ukikaa na mfano huo kidogo, maneno ya Kitamil yaliyoonekana kama fujo hujipanga yenyewe. Kwa nini mjomba na baba mkwe wana jina moja? Kwa sababu ukimuoa binti wa mjomba, mjomba ndiye mkwe. Kwa nini mume wa shangazi naye ni maman? Jezi yake ni hiyohiyo. Kwa nini machan ni binamu wa kiume na pia shemeji? Kwa sababu binamu huyo ndiye kaka wa unayeweza kumuoa. Mpangilio huu una neno lake, murai, maana yake taratibu au zamu ya haki. Msichana anayestahili kuolewa na kijana fulani ni murai ponnu wake. Walio jezi moja nawe huitwa pangali, kutoka pangu, fungu: watu mnaogawana mafungu ya urithi. Mnagawana shamba, hamposani.

Na kwa nini mtu atake kuuzungusha mzunguko huu kila kizazi? Hapa mfano wangu ni bakuli la futari. Mwezi wa Ramadhani jirani akikuletea bakuli la tambi, hulirudishi tupu. Nyumba moja ilimtoa binti akaolewa nyumba ya pili. Kizazi kinachofuata, binti wa kule anarudi huku. Mahari, mapambo na mashamba yaliyotoka yanakaribia kurudi yalikotoka, na bibi harusi anayeingia nyumba ya mkwe anamkuta mjomba wake mwenyewe, aliyemjua tangu anatambaa. Mwanamke si bakuli, najua, na filamu bora za Kitamil zinasimama hasa juu ya kuwakumbusha wazee jambo hilo.

Hapa nipunguze mwendo. Vijiji vya Tamil Nadu, jimbo la Watamil, havina timu mbili. Vina jamii na matabaka mengi, na jezi zangu ni za kufikirika. Kinachotenda kana kwamba timu ziko mbili ni maneno ya undugu. Mmarekani Lewis Henry Morgan, mwanaanthropolojia, aliyaona maneno hayo yakifanana na ya Waseneca, wenyeji wa asili wa New York, akayaandika mwaka 1871 na kuona ndani yake ushahidi kwamba asili ya wenyeji wa Amerika ni Asia. Baadaye ilionekana kwamba mifumo hiyo miwili huachana ukishafika kwa binamu wa mbali. Mfaransa Louis Dumont, mwanaanthropolojia aliyeishi kati ya Wakallar, jamii ya Kitamil karibu na mji wa Madurai, alidai mwaka 1953 kwamba maneno haya ni ya ndoa kabla ya kuwa ya damu. Hoja inapendeza, lakini haifungi mlango, kwa sababu ziko jamii nyingi zinazotenganisha mtoto wa mjomba na mtoto wa baba mdogo bila kuwaozesha. Huna haja ya kwenda mbali: kwetu mahali pengi binamu ni mtani, na utani ndio huishia kuwa uhusiano wenyewe. Hata neno letu binamu lina kisa. Kwa Kiarabu ni mtoto wa ami, yaani wa baba mdogo au mkubwa. Sisi wengi tukalichukua tukalivisha mtoto wa mjomba na shangazi, jezi ya pili kabisa.

Pia lazima niungame kwamba yule mzee na mimi hatukuwa mbali sana na ukweli mwingine. Katika jamii kadhaa za kusini mwa India, mjomba halisi, hasa mdogo wa mama, naye anaruhusiwa kumuoa binti wa dada yake mkubwa. Kwa hiyo kuna filamu ambamo hesabu yangu ya kibandani ingekuwa sahihi, na bado aibu niliyoiona mimi isingeonwa na mtu yeyote pale kijijini.

Sheria yenyewe imeacha dirisha. Sheria ya Ndoa ya Wahindu ya 1955 inawataja watoto wa kaka na dada kati ya wasioruhusiwa kuoana, isipokuwa pale ambapo mila za pande zote mbili zinaruhusu. Mwaka huohuo majumba ya sinema ya Madras yalionyesha filamu iitwayo Maaman Magal, yaani Binti wa Mjomba. Miaka 40 baadaye, 1995, ikatoka nyingine, Murai Maman. Hakuna aliyehitaji kueleweshwa jina. Utafiti wa afya ya familia wa taifa la India wa 2019 hadi 2021 ulikuta ndoa za ndugu wa damu ni kama asilimia 28 Tamil Nadu, wakati nchi nzima ni takriban 11. Madaktari huhofia magonjwa ya kurithi, kwa kuwa binamu wa kwanza hushirikiana kwa wastani sehemu moja kwa nane ya vinasaba, na mjomba na mpwa sehemu moja kwa nne.

Kwa mtunzi wa filamu, murai ni hazina. Kwingineko wazazi wanamtaka bwana harusi mwema, yeyote. Hapa matarajio ya familia yana jina na sura, na hukaa kibarazani kila sikukuu. Mjomba ndiye aliyempakata mtoto alipotobolewa masikio. Mjomba ndiye aliyemjengea binti kibanda cha majani mabichi alipovunja ungo, akaja na masinia ya sari na matunda. Ukimkataa mtoto wake hujamkataa kijana mmoja. Umemwaibisha mama yako mbele ya kwao. Ndiyo maana katika filamu hizi mama mzazi hulia mapema kuliko mpenzi.

Mjini kamba hiyo hulegea, na watunzi huhitaji ukuta mwingine. Katika Alaipayuthey ya Mani Ratnam, ya mwaka 2000, wapenzi wa Chennai ni mtaalamu wa kompyuta na mwanafunzi wa udaktari. Wazazi wanakutana, wanakwaruzana, na vijana wanaoana kwa siri kisha kila mmoja anarudi kulala kwao. Hakuna binamu mwenye haki anayesubiri. Kiburi cha wazazi kinatosha. Nje ya skrini, kuvuka mpaka wa tabaka bado huwagharimu wapenzi wengine maisha, na hapo neno murai huacha kuchekesha.

Vijana wa Chennai siku hizi huitana machan barabarani, rafiki kwa rafiki, kama sisi tunavyosema mwanangu. Kwa tafsiri kamili wanaambiana "wewe unaweza kumuoa dada yangu", na sidhani kama kuna anayekusudia hivyo.

Filamu ya kibandani niliipata tena miaka michache iliyopita, safari hii na maandishi chini. Nikaona jambo nililolikosa. Yuko kijana wa pili, mwenye pikipiki na masharubu, anayemfuata binti hadi kisimani kumwambia moyo wake. Binti anamsikiliza mpaka mwisho, anatua ndoo, anamjibu neno moja: "Anna." Kaka. Ukumbi wa Kitamil lazima ulilipuka kwa kicheko. Amemvua jezi ya kijani na kumvika nyekundu pale pale, na masharubu yake yote.