Je, wajua kwa nini bandeji ya silikoni hunata kwenye ngozi lakini haigandi kwenye kidonda?

Kwa mtoto aliyemwagikiwa na chai ya moto mkononi, siku ya kubadilishwa bandeji inaweza kutisha kuliko siku aliyoungua. Gozi, ile shashi nyeupe ya pamba, imekauka na kugandamana na kidonda. Ikivutwa, kidonda kinatoneka, damu inachuruzika, na safari ijayo mtoto anaanza kulia akiona tu trei ya vifaa. Uchunguzi uliofanywa katika nchi kadhaa na kuchapishwa mwaka 2002 uliwauliza wahudumu wa afya ni wakati gani mwenye kidonda huumia zaidi. Jibu lililoongoza lilikuwa hilo hilo: bandeji inapobanduliwa.

Bandeji za silikoni laini, kitu kinachonyumbuka kama mpira, zilibuniwa kwa ajili ya saa hiyo. Ya kwanza kujulikana sana, Mepitel ya kampuni ya Mölnlycke ya Sweden, ilianza kutumika karibu na mwaka 1990. Ni utando mwembamba unaopitisha mwanga, wenye vitundu vidogo. Ukiugusa, unanata kidoleni. Ukiulaza juu ya kidonda, unatulia. Siku kadhaa baadaye unainua pembe moja na utando unafuata taratibu, ngozi haivutiki, kidonda hakitoki damu. La ajabu zaidi, ukiona umeuweka upande unaweza kuuinua, kuunyoosha na kuubandika tena, nao utashika.

Wengi husema ni kwa sababu gundi yake ni hafifu. Maelezo hayo yanavutia lakini hayasimami. Gundi hafifu ingeachia pembeni, maji ya kidonda yangepenya chini yake na kuilowesha ngozi nzima inayokizunguka mpaka ilainike na kuchubuka. Silikoni hufanya kinyume: huziba vizuri kando ya kidonda, na maji hupanda kupitia vitundu hadi kwenye gozi iliyowekwa juu yake. Wengine hudhani imepakwa mafuta, kama gozi ya mafuta ya mgando. Hiyo nayo sivyo. Gozi ya mafuta haishiki popote, na mafuta yakishakwisha nyuzi zake hukauka na kuganda kama gozi nyingine yoyote.

Dhana ngumu kuliko zote ni ile isemayo kwamba bandeji inayong'oka kwa nguvu ndiyo inayosafisha. Kweli, gozi iliyokauka hutoka na uchafu na nyama iliyokufa. Tatizo ni kwamba haichagui. Maji ya kidonda hukaukia ndani ya nyuzi na kuzifunga na kidonda, na nyama mpya pamoja na mishipa yake midogo ya damu huchipukia kwenye matundu ya shashi. Unapovuta unang'oa uponyaji wa siku mbili tatu, kisha mwili unaanza upya. Damu ile inayoonekana kwenye gozi si dalili kwamba kidonda ni safi.

Sasa, silikoni inashikaje? Tazama ngozi kwa karibu: haiko sawa, ina vilima na mifereji midogo isiyohesabika. Ichukulie kama shamba la matuta. Gundi ya plasta ya kawaida, ambayo mara nyingi ni akriliki, ni kama uji mzito uliomwagwa juu yake. Mwanzoni hukaa juu ya matuta tu. Kadiri saa zinavyopita huteremka mferejini, hujaa, hukumbatia kila donge. Ndiyo maana plasta iliyokaa siku tatu huuma kuliko iliyobanduliwa baada ya dakika tano: mshiko wake umekuwa ukiongezeka, na ikitoka huondoka na tabaka la juu la ngozi. Silikoni laini ni kama shuka iliyolowa iliyotandazwa kwenye shamba lile lile. Papo hapo hulala juu ya matuta na ndani ya mifereji, lakini haitiririki kwenda kokote. Hugusa sehemu nyingi sana, kila moja kwa nguvu ndogo, na mshiko wa siku ya kwanza unabaki karibu sawa na wa siku ya tano.

Upande wa kidonda hali ni nyingine. Kidonda kina unyevu, na silikoni haipatani na maji. Haiwezi kuyasukuma pembeni ili iguse nyama, kwa hiyo utando mwembamba wa maji unabaki katikati na mshiko haupatikani. Bandeji ile ile, gundi ile ile. Kinachoamua ni ukavu wa inapogusa. Kwa sababu hiyo pia ngozi ya pembeni lazima ikaushwe na isiwe na mafuta, la sivyo haitashika hata huko.

Faida hii ni kubwa mno kwa watoto njiti, kwa wazee wenye ngozi nyepesi, na kwa wenye epidemolisisi bulosa, ugonjwa wa kurithi ambao ngozi hutoka malengelenge kwa msuguano mdogo tu. Kwao plasta ya kawaida yenyewe ni jeraha.

Je, kidonda hupona haraka zaidi? Hapa ushahidi ni mwembamba. Mapitio ya mwaka 2013 ya Cochrane, mtandao wa watafiti wanaokusanya na kupima tafiti za afya, kuhusu majeraha ya moto yasiyo ya kina yalionyesha kwamba krimu nyeupe ya silva (madini ya fedha), iliyozoeleka sana hospitalini, ilifanya vibaya kuliko bandeji zilizopakwa silikoni, ila tafiti zenyewe nyingi zilikuwa dhaifu. Ushahidi kwamba hupunguza maumivu una uzito zaidi. Wala silikoni haiui vijidudu: kidonda chenye usaha, harufu au wekundu unaosambaa kinahitaji kuonwa na daktari, hata kikiwa kimefunikwa kwa kitu ghali namna gani.

Na ni ghali kweli ukilinganisha na gozi. Kama kilichopo ni gozi na imeshaganda, isivutwe kavu. Iloweshwe kwa maji ya chumvi ya hospitali, au maji safi yaliyochemshwa yakapoa, isubiriwe mpaka ilegee yenyewe, na ikikataa iongezwe maji na muda.