Vitabu vya marejeo vya anthropolojia: yanayosemwa Mombasa na ukweli wake

Mwanafunzi wa sayansi ya jamii hapa Mombasa akipewa kazi ya kuandika kuhusu harusi ya Kiswahili au mazishi ya Wagiriama, kwanza hushika simu, kisha hutafuta mzee wa mtaani. Kamusi, ensaiklopidia za fani na faharasa za makala huja mwisho, tena mara nyingi ni baada ya mhadhiri kuuliza kwa wino mwekundu: "Marejeo yako wapi?" Wengi hawavikwepi vitabu hivi kwa uvivu. Wameambiwa mambo ambayo si kweli.

Dhana: Marejeo ni ya kutafutia maana ya neno tu

Ndiyo maana insha chungu nzima huanza na fasili ya "utamaduni" iliyonakiliwa kutoka kwenye kamusi ya kawaida, na msomaji akapiga miayo kabla ya aya ya pili. Ensaiklopidia ya fani ni kitu kingine. Ile ya kimataifa ya sayansi za jamii iliyotoka mwaka 1968 kwa majalada 17, *International Encyclopedia of the Social Sciences*, ina makala zilizotiwa saini na wataalamu, na chini ya makala mna orodha ya kazi alizozitegemea mwandishi. Mimi huanzia huko chini. Ukikuta jina lilelile katika orodha tatu tofauti, umeshajua kitabu cha kuulizia maktabani.

Dhana: Kipya ndicho bora, cha zamani kitupwe

Kwa nadharia, sawa, anza na kipya. Kwa mambo ya pwani, ngoja kidogo.

Mkutano uliofanyika hapa hapa Mombasa mwaka 1928 ndio uliochagua Kiunguja, lahaja ya Unguja, kiwe msingi wa Kiswahili sanifu. Kamusi sanifu zilizofuata zikaegemea huko, na maneno mengi ya Kimvita, lahaja ya Mombasa, ya ukoo, vyombo, mavazi na shughuli za ada yakabaki nje au yakapewa nusu mstari. Sasa mtu anayeandika kuhusu nyumba za Mji wa Kale akifungua kamusi ya shule, asipolikuta neno alilolisikia kwa bibi yake hudhani bibi amekosea. Afungue kamusi ya Ludwig Krapf. Krapf alifika Mombasa mwaka 1844, akahamia Rabai mwaka 1846, na kamusi yake ikachapishwa London mwaka 1882, yeye mwenyewe akiwa ameshafariki. Ina maneno ya Kimvita kwa wingi, na mara kwa mara anaacha kufasili na kuanza kusimulia jambo lilivyokuwa likifanywa. Charles Sacleux naye, katika kamusi yake ya Kiswahili na Kifaransa iliyoanza kutoka mwaka 1939, huonyesha neno ni la lahaja gani. Kifaransa kitakusumbua, lakini alama za lahaja husomeka hata bila hicho Kifaransa.

Krapf alikuwa mmisionari. Akieleza chombo au chakula, mwamini zaidi kuliko anapoeleza imani za watu.

Tena vitabu vya zamani vina majina yake. Wamijikenda, yaani Wagiriama na jamaa zao wa pwani, wamo humo kama Wanika au Nyika, na hata uchunguzi wa A. H. J. Prins wa mwaka 1952 kuhusu watu wa pwani una jina "Nyika" kwenye anwani yake. Ukitafuta "Mijikenda" peke yake katika faharasa, kazi hizo zitakupita. Tafuta na "Nyika", tafuta na "Suahili" kwa tahajia ya kale, ila katika insha yako andika jina ambalo wenyewe wanajiita.

Dhana: Kikiwa kimeandikwa kwa Kiswahili, basi kinatuhusu sisi

Hapa ndipo wanafunzi wazuri huteleza. Kitabu cha Mtoro bin Mwinyi Bakari kuhusu desturi za Waswahili, kilichochapishwa Göttingen mwaka 1903 chini ya uhariri wa Carl Velten, ni hazina, na kinakanusha vizuri madai kwamba ethnografia yote ya pwani, yaani maandishi yanayoeleza maisha na desturi za watu, ni ya Wazungu. Lakini Mtoro anaeleza zaidi Bagamoyo na Mrima, pwani ya bara inayoelekea Unguja. Kumnukuu kama shahidi wa unyago au harusi za Kibokoni, mtaa wa Mji wa Kale hapa Mombasa, ni kumsingizia. Kulinganisha inafaa: hili analisema Mtoro wa Mrima, hili nimelisikia hapa Mombasa, na tofauti ni hii.

Kwa Mombasa yenyewe kuna *Wanawake Watatu wa Kiswahili* cha Sarah Mirza na Margaret Strobel, masimulizi ya maisha ya wanawake wa mji huu. Kwa Kiingereza kilitoka mwaka 1989, na kwa Kiswahili mwaka 1991. Nashangaa ni wangapi huhangaika na toleo la Kiingereza, kisha wakayatafsiri upya maneno ambayo mama hao waliyasema kwa Kiswahili.

Dhana: Ensaiklopidia haina upande

Soma maingizo mafupi kuhusu Wamijikenda. Mengi yatakwambia kwa sentensi moja kwamba walitoka Shungwaya, nchi ya asili inayotajwa kuwa kaskazini mwa pwani. Ndivyo wazee wengi wanavyosimulia, na Thomas Spear katika kitabu chake cha mwaka 1978 kuhusu makaya, vijiji vyao vya kale vya msituni, aliyapa uzito masimulizi hayo kama historia. Lakini mwaka 1972 R. F. Morton alikuwa ameshaandika makala akiyaita ngano, na mjadala haujafungwa. Ile sentensi moja imeuficha ugomvi wote. Kwa hiyo tazama mwandishi wa ingizo ni nani, aliandika mwaka gani, na katika orodha yake amemtaja nani na kumwacha nani.

Dhana: Maneno ya mzee yanatosha kuwa marejeo

Ni ushahidi wa utafiti wako, tena wenye thamani. Weka tarehe na mahali, na umwombe ruhusa ya kumtaja. Usiyachanganye tu kwenye orodha moja na ensaiklopidia. Na Wikipedia? Isome ukitaka, fuata viungo vya chini, kisha nukuu ulichokikuta huko.

Dhana: Bila pesa hupati kitu

Nusu yake kweli. Mkusanyiko wa Human Relations Area Files, ulioanzishwa Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, mwaka 1949, hulipiwa na taasisi. Umekusanya maandishi ya ethnografia ya mamia ya jamii na kuyapa namba za mada aya kwa aya. Lakini orodha ya namba zenyewe unaweza kuisoma bure, na hiyo peke yake ni chombo cha kazi.

Tuseme umetoka kwenye harusi na daftari limejaa. Shangazi wa bwana harusi alianza na mahari, akarukia posa iliyokataliwa, akamkumbuka binamu aliyeachwa, ndipo wanawake wakaingia na vugo, ngoma yao ya harusini. Pitia pambizoni: mahari 583, posa 584, sherehe yenyewe 585, talaka 586. Vugo lipe 585 na pia 533 ya muziki, kwa sababu aya moja inaruhusiwa kubeba namba zaidi ya moja. Ukifika daftari la nne utashukuru. Kasoro yake ni kwamba mfumo uliundwa ili kulinganisha jamii, kwa hiyo unakata vipande jambo ambalo kwa wenyewe ni moja. Utumie kupangia maelezo yako, usiufanye sura za tasnifu.

Vya bure kabisa vipo. *Open Encyclopedia of Anthropology*, iliyoanza mwaka 2016 kwa jina la *Cambridge Encyclopedia of Anthropology*, husomwa bila malipo. Anthropological Index Online ya Royal Anthropological Institute hukutafutia makala za majarida, ingawa inakupa jina la makala na mahali ilipochapishwa tu. Makala yenyewe utaifuata kwingine. Kamusi ya Krapf imo Internet Archive. Na kabla hujamaliza bando, kumbuka RISSEA, taasisi ya utafiti wa Kiswahili iliyo chini ya Makumbusho ya Taifa ya Kenya, iko mji huu huu. Nenda na karatasi yenye mada yako, kipindi unachokichunguza na majina yote ya kale. Ukifika na "nataka kitu kuhusu utamaduni", mkutubi atakurudisha kuandika karatasi hiyo.