Graham Bell Hakumbunia Mkewe Simu

Kila mwaka wanafunzi wangu wa ualimu wa viziwi huja darasani na hadithi ileile: kwamba Alexander Graham Bell alibuni simu ili mke wake kiziwi apate kusikia. Mabel Hubbard alipoteza usikivu utotoni kwa homa kali, akawa anasoma midomo, na simu haina midomo ya kusomwa.

Kwamba uziwi ulimlea Bell, hilo halina ubishi. Mama yake, Eliza, alikuwa na usikivu hafifu, naye mwanawe alizungumza naye kwa alfabeti ya vidole, au kwa kuliinamia paji la uso wake na kusema kwa sauti nzito ya chini. Mwaka 1871 akaanza kufundisha viziwi mjini Boston.

Sehemu inayorukwa ndiyo yenye uzito. Mwaka 1874, akitafuta chombo cha kuwaonyesha wanafunzi wake umbo la sauti wasiyoisikia, alichukua sikio la maiti alilopatiwa na daktari Clarence Blake, akabandika ujiti wa nyasi kavu kwenye vifupa vyake, kisha akasema ndani yake, na ncha ya ujiti ikachora mawimbi juu ya kioo kilichopakwa masizi. Alistaajabu kuona ngoma ya sikio, nyembamba kiasi kile, ikisukuma mifupa mizito kuliko yenyewe. Basi utando mnene zaidi ungeshindwaje kutikisa kipande cha chuma mbele ya sumaku ya umeme? Wazo la simu lilipevuka hapo, kabla ya hataza ya 7 Machi 1876. Hata fedha za majaribio zilitoka kwa Thomas Sanders na Gardiner Hubbard, ambao kila mmoja alikuwa na mtoto kiziwi aliyefundishwa na Bell.

Kinachoniudhi ni kwamba hadithi ya mapenzi huufunika mwaka 1883, Bell alipowaonya wanasayansi wa Marekani kwamba viziwi wakizidi kuoana patazuka jamii ya binadamu viziwi, akizilaumu shule za bweni na lugha ya alama kwa kuwakutanisha. Mtu aliyezungumza na mama yake kwa vidole aliwezaje kuipinga mikono ya watoto wa wenzake? Vitabu vyetu vya mafunzo hulikwepa swali hili, nami sijalipatia jibu linaloniridhisha. Nashuku kwamba Mabel alimpotosha bila kukusudia, kwa kuwa alikuwa ameshajua kusema kabla ya kuugua, ilhali mtoto aliyezaliwa kiziwi hana sauti ya kukumbuka.