Limau Huingia Mwisho: Kastadi ya Siku ya Karamu

Mpishi yeyote wa Mombasa anajua kwamba tui hukatika. Likiachwa lichemke bila kukorogwa, mafuta hujitenga, maji hubaki peke yake, na mchuzi uliotarajiwa kuwa mzito hubaki na chembechembe. Mwenye kulijua hilo ameshafika nusu ya njia ya kupika kastadi ya limau. Nusu iliyobaki ndiyo inayowashinda wengi wanaopita darasani kwangu: hapa kinachokata si moto pekee, limau lenyewe pia hukata.

Kwanza tuelewane tunazungumzia kitu gani. Kwa wengi wetu kastadi ni ule unga wa mkebeni wenye rangi ya manjano, unaokorogwa na maziwa kisha ukamwagiwa juu ya ndizi na papai wakati wa futari. Sina ugomvi nao, nami huula. Lakini haukuanza kama kitu cha mayai: mfamasia Mwingereza Alfred Bird aliubuni mwaka 1837 huko Birmingham kwa sababu mkewe hakuweza kula mayai. Msingi wake ni wanga wa mahindi uliotiwa rangi na harufu. Kastadi ya karamu hupata rangi, ulaini na utamu wake kutoka kwa viini vya mayai, na wanga, ile konflawa nyeupe ya madukani, huingia kidogo tu ili kuushikilia uzito.

Kwa gilasi sita ndogo, andaa maziwa mililita 500, viini vinne, sukari gramu 120, konflawa gramu 40, siagi gramu 50, chumvi chembe, na malimau mawili au matatu yatakayotoa maji ya mililita 80. Ukienda Marikiti au Kongowea usichukue ndimu ukadhani ni mamoja. Ndimu ni ndogo, ganda lake ni la kijani na lina uchungu wake. Ni nzuri kwa samaki na kachumbari. Hapa unataka limau la manjano, zito mkononi kuliko linavyoonekana. Lioshe kwa maji ya vuguvugu ulisugue, kwani harufu yote ya kastadi hii imo katika mafuta ya ganda la juu. Kwaruza ile manjano tu, kwa kile kifaa cha kukwaruzia karoti, na ukiona weupe, simama. Weupe ni uchungu mtupu.

Pasha maziwa pamoja na ganda hilo mpaka yatoe mvuke, epua, funika robo saa, kisha chuja. Wakati huo piga viini, sukari, chumvi na konflawa mpaka viwe laini. Ukishatia sukari kwenye viini usiviache vikae bila kuvikoroga, hukauka vikafanya punje zisizoyeyuka. Yapashe tena maziwa, uyamimine juu ya viini kidogo kidogo huku ukikoroga, kisha rudisha vyote mekoni kwa moto wa wastani.

Hapa wengi huingiwa na hofu. Wameambiwa kastadi ya mayai isichemke, na ni kweli kwa ile isiyo na wanga: viini huanza kuwa vizito kwenye nyuzi joto 65 hadi 70 hivi, na vikipita 85 huvurugika. Lakini yenye konflawa ni lazima ichemke. Kiini cha yai kina kimeng'enya kinachokula wanga, na kisipouawa kwa moto, kastadi uliyoilaza nzito usiku utaiamkia asubuhi imekuwa maji. Basi ikianza kutoa mapovu mazito, hesabu dakika moja kamili, mkono usisimame. Moto huo huo unamaliza vijidudu vya salmonela, ambavyo hufa kwenye nyuzi 71.

Sasa epua. Ukipikia sufuria ya alumini, mimina kwanza kwenye bakuli la kioo, maana asidi na alumini vikikutana kastadi hupata ladha ya chuma. Koroga siagi iyeyuke, ndipo utie maji ya limau kwa mafungu matatu.

Kwa nini mwisho? Maziwa yana protini iitwayo kasini, na uchachu wa maziwa ukifika pH 4.6 (kipimo cha uchachu: namba ikishuka, uchachu huzidi) protini hiyo hushikana madonge. Ndivyo maziwa lala yanavyoganda. Maji ya limau yako kati ya 2 na 3. Yatie ndani ya maziwa mepesi ya moto, madonge yatakuja papo hapo. Maziwa yakishakuwa uji mzito, kasini imezingirwa na wanga na mayai, haina nafasi ya kukusanyana. Tena limau likichemshwa pamoja na wanga huuvunja nguvu, na harufu yake nzuri hupotea na mvuke. Wanafunzi huniuliza kama wanaweza kutia nusu mwanzo na nusu mwisho. Hapana.

Chuja tena, jaza gilasi, na ulaze karatasi ya nailoni ya chakula iguse uso wa kastadi isifanye utando. Weka gilasi ndani ya sinia la maji ya barafu zipoe haraka, halafu friji kwa saa nne.

Sehemu ya pili ya kazi ni joto la mji wetu. Chakula cha mayai na maziwa hakifai kukaa nje ya friji zaidi ya saa mbili, na joto likipita nyuzi 32, kama kawaida yetu Februari na Machi, ni saa moja tu. Saa hiyo inahesabu pia foleni ya feri ya Likoni na dakika za tuktuk. Kwa hiyo ukiipeleka harusini, ibebe ndani ya kasha la barafu, na isitolewe mpaka sinia za biriani ziondolewe. Nimeiona mara nyingi imepangwa mezani tangu wageni hawajafika, eti ipendeze macho. Umeme ukikatika usiku kucha na friji ikapata joto, imwage, hata kama haijabadilika harufu.

Pambo ni dakika ya mwisho: lozi zilizokatwa nyembamba, au iliki iliyotwangwa, kidogo sana. Usiweke povu la ute mbichi juu yake. Ule ute wa mayai manne uliobaki uhifadhi kwenye friji. Wengi hutia wa yai moja kwenye mkate wa sinia ili uinuke. Kastadi yenyewe hukaa siku mbili au tatu, lakini usiigandishe, kwani ikiyeyuka hutoa maji.